Ndege wa Kiwanda cha Barafu

9 Februari

Dada mkubwa,

Salamu zitakuja, hazina haraka. Kwanza nikwambie bahati yangu. Mungu ana watu wake, na mimi nimo, tena kiti cha mbele. Itazame bendi yetu nzima. Mpiga ngoma yuko kaburini. Mpiga gitaa ameokoka na hataki muziki wa dunia, kana kwamba ule aliokuwa anaupiga ulikuwa muziki. Nimebaki mimi mpiga besi, Tarumbeta kwa mdomo tu, na kwa uzee huu Mungu ameniachia masikio yote mawili, mazima, makali kama ya paka aliyesikia kifuniko cha sufuria. Masikio haya ndiyo yaliyonileta huku. Kampuni ya santuri imeyatumia nauli, imeyapangia chumba, na imeyapa kiti kinachozunguka.

Haya, hujambo? Goti linasemaje? Mpwa wangu amejifungua, au bado anatutisha tu? Wifi yako nimemwacha na kila kitu. Akija kwako kulia shida, mpe chai umrudishe.

Kazi yenyewe ni hii. Unaikumbuka "Rudisha Ufunguo"? Najua unaikumbuka, usikunje uso. Watu wa huku wameamka siku moja wakagundua kwamba santuri yetu ni hazina. Ganda la muwa la jana, chungu kaona kivuno. Vijana wenye ndevu za kupakwa mafuta wanaitafuta kwenye masanduku ya mitumba, wanaipangusa vumbi kama wanaogesha kichanga, kisha wanafunga macho na kutikisa kichwa. Sisi tulioipiga hatukuwahi kutikisa kichwa hivyo hata tukiwa na homa. Na wenyeji wetu, baada ya kuicheza na kuichoka, si waliigeuza vifuniko vya mitungi? Sasa kampuni imeipata kanda ya awali kwa warithi wa Bwana Barafu, yule tajiri wa kiwanda aliyetumiliki, na wanaisafisha upya ili waiuze tena kama dhahabu. Wanahitaji mtu aliyekuwepo, awaambie ilivyotakiwa kusikika. Nani mwingine?

Nikwambie ninaofanya nao kazi. Meneja anavaa miwani ya jua ndani ya nyumba na anaongea amejifunika mdomo kwa mkono, kama mtu anayeficha pengo. Watu wa huku wote hawajui kutamka. Wanatafuna maneno kama mbuzi. Fundi mitambo ni kijana anayevua viatu mlangoni na kushinda na soksi siku nzima. Namwita Soksi. Huyo Soksi, kitu cha kwanza alichoifanyia kanda yetu ni kuitia ndani ya oveni. Sitanii. Anasema kanda ikizeeka inanata, lazima ipashwe moto wa taratibu ikauke ndipo ikubali kuzunguka. Nikamuuliza kama anataka na hamira. Dada, kanda tuliyorekodi kwenye stoo ya kiwanda cha barafu, sisi na makoti, wewe na blanketi mabegani, ukutani trei za mayai na magodoro ya kunguni, leo inaokwa kama mkate. Bwana Barafu angekuwa hai angewauzia na maji.

Mimi ninakaa, nafumba jicho moja, nanyoosha kidole na kusema, "Rudia hapo." Wanarudia. Nasema, "Bado." Wanatoka jasho. Hakuna aliyewahi kupewa heshima hivi kwa kutofanya kitu.

Niandikie. Usipige simu, huku nina shughuli nyingi.

Mimi Tarumbeta,
sikio la kampuni

14 Machi

Mdogo wangu,

Barua yako ilifika imeloa, nikaianika kwenye kamba pamoja na soksi. Nilipoisoma nikaona sikukosea mahali pa kuianika.

Hatujambo. Goti liko pale pale, linatabiri mvua kuliko redio. Mpwa wako amejifungua mtoto wa kike, amefanana na marehemu baba yetu, maskini. Mkeo alikuja. Hakulia shida. Alikunywa chai akawa anatazama dirishani. Nikamuuliza kwa nini hupokei simu, maana nimepiga mpaka kidole kimechoka, inaita tu. Akasema nikuulize mwenyewe, kisha akaanza kusifia mapazia yangu, yeye ambaye hajawahi kusifia kitu cha mtu. Basi nakuuliza. Watu wazima wenye simu mfukoni tunaandikiana barua kama wafungwa, kwa nini?

Sasa hiyo santuri. Huyo Chiriku aliyeandikwa kwenye jalada sikumjua na simjui. Bwana Barafu alinipa jina la ndege bila kuniuliza. Kwenye picha akamweka binti wa rafiki yake, kwa sababu, alisema, mimi nina uso wa mtu anayekuja kudai. Nilikuwa na haki ya uso ule. Tangu niliposhuka jukwaani nashona sare za shule na mapazia, na nimepata amani. Pazia halipigiwi makofi na halizomewi.

Unasema una masikio ya paka. Tangu lini? Ulikuwa unapiga besi umejibanza kwenye tumbo la spika, ukimaliza tunakuita mpaka tukurushie kandambili ndipo ugeuke. Mkeo anasema redio yenu siku hizi inasikika hadi duka la nyama. Debe tupu haliachi kuvuma, lakini debe lililowekwa kwenye kiti kinachozunguka ni balaa jipya.

Hao wenye ndevu waambie nimekufa. Watanunua haraka zaidi.

Dada yako

2 Aprili

Dada mkubwa,

Hongera ya mjukuu. Kufanana na baba si kosa. Mimi nimefanana naye na tazama nilipofika.

Huku mzima. Chumba kizuri, ila mama mwenye nyumba anaingia bila hodi, na nikimsema anaapa kwamba amegonga mlango mpaka vifundo vimeuma. Waongo wa huku wanaapa bila kupepesa. Magari yao nayo hayapigi honi. Juzi lori limenipitia kwa unene wa karatasi, na bado dereva ndiye aliyetoa kichwa kunifokea. Simu achana nayo. Simu ni ya watu wasio na la kusema. Mwenye la kusema anashika kalamu.

Sasa acha cherehani, ukae vizuri. Soksi amegundua jambo. Alikuja kwangu amekunja uso, midomo inamcheza, nikamwambia mambo ya kitaalamu mimi sipokei kwa mdomo, aandike. Akaandika. Karatasi ninayo hapa. Anasema santuri yetu nzima inakimbia. Nyimbo zote ziko juu kuliko tulivyozipiga. Hakuna mpiga gitaa duniani anayefunga nyuzi zake mahali pale, hata yule mlokole wetu. Akauliza tulirekodia wapi, na kwa umeme gani.

Nikacheka mpaka kiti kikazunguka chenyewe. Unalikumbuka jenereta la kiwanda? Lilikuwa moja tu, linaendesha mashine za kugandisha maji na mashine yetu ya kurekodia. Mashine za barafu zikiwaka, jenereta linakohoa, taa zinafifia, na Bwana Barafu anatuambia tuendelee, barafu haisubiri wimbo. Sisi wote mabingwa tukawa tunatazama taa. Hakuna aliyeitazama kanda. Kumbe na yenyewe ilikuwa inajikokota kwa njaa ya umeme. Na kanda iliyorekodiwa ikijikokota, ukiipeleka kwenye kiwanda cha santuri chenye umeme wa kushiba, kila kitu kinakimbia. Ngoma inakimbia, besi yangu inakonda, na mwimbaji anapanda kama mtu aliyekanyagwa kidole.

Yule Chiriku alifinyangwa na barafu, dada. Hakuwa wewe.

Soksi anataka kuirudisha kwenye mwendo wake wa kweli, ila hajui ilijikokota kiasi gani. Gitaa si shahidi, mtu analifunga anavyotaka. Ameniuliza kama kulikuwa na chombo kisichoweza kufungwa upya. Nikakumbuka kinanda changu cha mdomo, kile nilichopuliza mwanzo wa wimbo wa ufunguo kabla hujaingia. Vile vibati vyake vya ndani havifungwi wala havikazwi. Sauti yake ya siku ile ndiyo ya leo. Atakipima, ataona santuri imekizidi kwa kiasi gani, na hapo atajua.

Kiko kwako, kwenye droo ya cherehani, pamoja na vifungo. Nitumie. Ukikataa nitajua unamwogopa ndege.

Tarumbeta

29 Aprili

Mdogo wangu,

Mtoto anaendelea vizuri, analia kwa sauti nene kama karani wa mahakama. Paa la jikoni limevuja. Fundi amekuja, amelitazama, ametikisa kichwa, ameondoka. Mkeo anakuja kila wiki sasa. Ananisaidia kukata vitambaa, na mimi nimeacha kumuuliza habari ya simu.

Kinanda chako kimo kwenye kifurushi hiki, nimekifunga kwa kipande cha pazia. Nilikiweka mezani kwanza, kikakaa siku kadhaa kama mgeni asiyejua kuaga. Nakituma ili kitoke nyumbani kwangu. Usidhani ni kwa ajili ya Soksi wako.

Unakumbuka ule mchana wa ukumbi? Wewe ulikuwa nyuma yangu, kwa hiyo uliona mgongo wangu tu. Watu walikuwa wamekuja kumwona Chiriku. Nikafungua mdomo. Mstari wa kwanza wakatulia. Wa pili wakatazamana. Wa tatu, mwanamke mmoja wa mbele akasema, wala hakupiga kelele, alisema kama mtu anayerudisha nguo kwa fundi: "Huyu siye."

Ndipo wengine wakaanza. Wanamtaka yule wa kwenye santuri. Bwana Barafu akaniambia nipande. Nikawa napanda, kila onyesho napanda, nashika koo kama mtu aliyemeza mfupa, mpaka siku niliyofungua mdomo ukatoka upepo. Mpaka leo nikimwita mtoto barabarani watu wanageuka wakidhani ni muuza makaa.

Kwa hiyo jina halikuwa langu. Picha haikuwa yangu. Na leo, nywele zote zimekuwa nyeupe, unaniandikia kwa vicheko kwamba hata sauti haikuwa yangu. Nilikuwa nashindana na jenereta. Na nyie wanaume mlikuwa mmekaa sebuleni kwa Bwana Barafu siku santuri ilipofika, mnapeana mikono, na hakuna hata mmoja aliyesema, "Lakini dada haimbi hivi."

Wafanye watakavyo. Usiniletee habari zaidi. Ila najua utaleta. Sikio la kufa halisikii dawa.

Dada yako

20 Mei

Dada mkubwa,

Kinanda kimefika salama. Kile kipande cha pazia nimekitundika dirishani kwangu, kinafunika robo ya kioo, na kwa uzuri kimeyashinda mapazia yote ya mama mwenye nyumba.

Yale ya sebuleni kwa Bwana Barafu nimeyasoma, nikakunja barua, nikaikunjua, nikayasoma tena. Sitakuletea utetezi. Kati yetu hakuna aliyekuwa amewahi kujisikia kwenye santuri. Tulidhani mashine ndivyo zinavyowafanya watu. Hata mimi nilijiona nimepiga besi kwa kasi, nikavimba kichwa wiki nzima. Wajinga hawahitaji mwalimu, wanafundishana.

Basi nilikipuliza. Nilisimama katikati ya chumba chao chenye zulia ukutani (huku zulia linakaa ukutani na watu wanavua viatu kwa ajili ya sakafu, ndiyo akili yao), nikavuta pumzi, nikapuliza zile noti za mwanzo wa wimbo. Soksi alikuwa anatazama mshale kwenye mashine yake. Kisha akaruka, akateleza na soksi zake, akaangukia viti. Amepata alichotaka. Siku ile ile akaipunguza kanda mwendo mpaka kinanda cha kwenye wimbo kikalingana na kinanda cha mkononi mwangu. Na wewe ukashuka nacho.

Hapo vita vikaanza. Meneja hataki. Ameshachapisha mabango yenye ndege mwenye taji. Anasema wanunuzi wanamjua Chiriku, wanamlilia Chiriku, na yeye hawezi kuwauzia mwanamke mwingine kwa jina lile lile. Soksi akamwandikia barua ya kuacha kazi, akaiweka mezani, akakaa juu ya meza. Nimewaona wanawake wawili wakigombania bomba la maji wakiwa na adabu kuliko hao. Mwisho wamekubaliana jambo la busara, na busara hiyo ni mimi. Watapiga zote mbili mbele yangu, ya juu na ya chini, na nitakayosema ndiye dada yangu, ndiyo itakayochongwa kwenye santuri. Neno langu ndilo la mwisho. Si nilikwambia kuhusu masikio?

Sauti yako ya kweli nimeshaisikia mara kadhaa kwenye hedifoni kubwa kama sahani mbili. Kaa utulie. Hawa nitawanyoosha.

Tarumbeta,
hakimu

8 Juni

Mdogo wangu,

Wote wazima. Paa bado.

Nilisema usiniletee habari, ukaleta, na tangu barua yako imefika nimeshona sare moja mikono yote miwili upande mmoja. Mwenye duka ameniuliza kama kuna shule ya watoto wa namna hiyo.

Nitakuuliza kitu kimoja, na unijibu bila matari. Mimi ile sauti sijaisikia hata mara moja. Mtu akiimba hajisikii, yuko kazini. Kilichobaki kilikuwa santuri, na santuri ilikuwa ndege. Halafu koo likafa. Watu waliokuwa wananisikia nikiwa msichana, nikipiga deki, nikikubeba, wamekwenda wote. Umebaki wewe.

Wewe umeisikia. Ilikuwaje? Ilikuwa nzuri? Kama ilikuwa ya kawaida tu, andika "ya kawaida", nitashukuru, nitajua sikupoteza kitu, nitamaliza sare za watu.

Nasubiri.

Dada yako

30 Agosti

Dada mkubwa,

Najua nimechelewa. Najua ulituma na ujumbe kupitia kwa wifi yako, na wa pili wenye matusi, ambao niliupenda zaidi. Nilikuwa naandika na kuchana. Mama mwenye nyumba amewasha jiko kwa barua zako ambazo hukuzipata, na zilikuwa nzuri, zimejaa maneno kama "asali" na "kengele". Moto uliwaka vizuri. Uongo ni mkavu.

Mtoto hajambo? Paa limezibwa? Mwambie huyo fundi nikirudi nitamtikisa kichwa mimi.

Nikueleze siku ya hukumu. Meneja alikaa kushoto na miwani yake, anakula karanga. Soksi kwenye mashine, amevaa soksi mpya kwa heshima ya siku hiyo. Mbele yangu spika mbili za mbao, ndefu kama kabati za bibi harusi. Wakanipa ishara kwamba ya kwanza inaanza.

Nikainuka kwenye kiti changu kinachozunguka, nikaenda mpaka kwenye spika, nikaweka kiganja juu ya mbao. Meneja akadhani ni maringo ya wazee. Hiyo ya kwanza ilikuwa inachezacheza pale kama nzi ndani ya kiberiti. Nikasema, "Nyingine." Soksi akageuza kanda.

Dada, unajua ulinibeba mgongoni mpaka nilipokuwa mkubwa kiasi cha majirani kukuuliza kama nimevunjika miguu. Mama yuko kazini, mimi nalia, wewe unapiga deki na mimi juu yako kama gunia, unaimba ili ninyamaze. Sikumbuki wimbo hata mmoja. Nakumbuka shavu langu likiwa katikati ya mabega yako, na mgongo wako ukitetemeka kwa ndani, taratibu, kama mlango mzito unaofungwa nyumba ya pili. Nilikuwa nalala kwa kile.

Kikaja kwenye kiganja. Kile kile. Nikakaa nacho mpaka kikaisha, na Meneja akaacha kutafuna karanga. Nikamwambia, "Huyu ndiye. Yule mwingine mpelekee mama yako." Soksi akacheza pale pale, akateleza tena. Mabango yenye ndege wameyakata vipande, wanaandikia nyuma. Kwenye jalada jipya hakuna picha ya mtu, nimekataa kila msichana waliyemleta. Liko jina lako la nyumbani, kwa herufi ambazo hata mpiga gitaa wetu akiwa kwenye maombi ataziona.

Santuri ya kwanza kutoka mashineni imo kwenye kifurushi hiki, imefungwa kwa kile kipande cha pazia. Soksi ameniandikia kwamba ukiimba, yeye anasahau kubonyeza. Sijui kama hiyo ni sifa au ni uzembe, wewe utaamua. Azima mashine kwa mwalimu jirani yako. Funga mlango, mtoe kila mtu, wifi yako mwache abaki. Amenitunzia siri kwa muda mrefu na anastahili kupumzika. Sikiliza upande wote. Ukimaliza niandikie ilivyokuwa, kila mstari, unapopanda, unaposhuka, na besi yangu kama iliwahi kukuacha nyuma. Usinifiche. Kama ni ya kawaida, andika "ya kawaida".

Uliniuliza kama ilikuwa nzuri, na mimi sijui. Sikio la kushoto lilikufa kabla hujafunga ile ofisi yako ya mapazia mjini ukahamishia cherehani nyumbani, la kulia likalifuata mwaka juzi. Nimekaa kwenye kile kiti miezi yote hii nikinyoosha kidole hewani kama mwendawazimu anayeita basi. Ile bahati niliyokuandikia kwenye barua ya kwanza ilikuwa uongo. Mimi ni kiziwi, dada. Sikusikia hata noti moja.

Mdogo wako